Kabati la mraba kwenye nyumba ya mviringo: kisa cha seti moja niliyoipamba mara mbili Kisumu

Hiki ni kisa cha nyumba moja niliyoipamba mara mbili. Mara ya kwanza ilikuwa ya muvi, mara ya pili ya opera, yaani mchezo wa jukwaani unaoimbwa, katikati hapo miezi tisa tu, zote hapa Kisumu. Hadithi ile ile, mwanamke yule yule, hata kabati lile lile, lakini ya kwanza ilitoka safi na ya pili karibu inifukuze kwa hii kazi kabisa. Naiandika yote, na makosa na hesabu zake, juu kila mwezi kuna kijana ananitumia meseji akiuliza dekoreta wa seti hufanya nini na anaanzia wapi, nami nikimjibu kwa juu juu ananiambia sawa asante na najua hakuna kitu ameshika.

Kazi yenyewe kwanza. Kwa muvi kuna mtu anayebuni dunia yote ya picha, rangi zake na majengo yake, kuna anayesimamia mafundi wakijenga, halafu dekoreta anakuja nyumba ikiwa tupu na kuijaza. Kitanda, pazia, kalenda ukutani, makombo mezani, kutu kwenye bati. Kile mwigizaji anashika mkononi kwa kawaida ni cha mtu wa propu, kile kinachokaa nyumbani hata kama yeye hayupo ni changu. Mpaka huo unaonekana mdogo lakini ugomvi mwingi wa seti huanzia hapo, kikombe kikikosekana saa mbili asubuhi kila mtu anasema ni cha mwingine. Kwenye Oscar dekoreta hupewa tuzo pamoja na yule mbunifu mkuu, majina yote mawili yanasomwa. Out of Africa, ile iliyopigwa hapa kwetu Kenya ikatoka 1985, tuzo yake ya upande huo ilienda kwa Stephen Grimes pamoja na Josie MacAvin, mama wa kutoka Dublin, na huyo Josie ndiye alikuwa dekoreta. Nilipojua hivyo nilikuwa nishafanya kazi hii miaka minne, na iliniuma kidogo, manake watu wetu wanaongea juu ya waigizaji wa ile picha na simba na ndege, lakini sijawahi kusikia mtu akiuliza ni nani alipanga zile sahani na vile vitabu.

Mimi nilianzia drama za shule, zile za mashindano ya kitaifa, ambapo jukwaa linapangwa mbio na kutolewa mbio ili shule nyingine iingie. Baadaye nikakaa mwaka na nusu kwa fundi wa fanicha juakali upande wa Kibuye, nikipiga msasa na vanishi. Shule yangu ya hii kazi ndiyo hiyo.

Sasa hadithi ya muvi. Mwaka ni 1974. Kuna mwanamke ambaye bwanake alikuwa mfanyakazi wa reli, wakakaa kwenye nyumba za reli hapa mjini, bwana akafa, na mama anapelekwa dala, nyumbani kwa kina bwanake kando ya ziwa, pamoja na vitu vyake vyote vya mjini. Kabati la vyombo la mvule lenye vioo, kitanda cha chuma, redio ya betri, kiti cha mikono ya mbao. Vyote vinaingizwa kwenye nyumba ya udongo ya mviringo, paa la nyasi. Skripti yenyewe iliandika mstari mmoja tu, ndani ya nyumba ya mjane, mchana, basi. Hayo mengine unayatafuta wewe.

Na siku ya kwanza tu ya kuingiza vitu nikaona picha yote iko wapi. Ukuta wa mviringo haupokei kabati la mraba. Ukilisukuma linagusa ukuta kwa kona mbili na katikati kunabaki pengo kama la kuficha kuku, na ukilivuta mbele ili likae sawa linakula nusu ya nyumba na mama analala miguu ikigusa mlango. Vijana wangu walikuwa wanahangaika nalo wakitaka kulificha, nikawaambia waliache hapo hapo, lisikae sawa. Huyu mwanamke ameletwa mahali ambapo vitu vyake havina ukuta. Nilimwita dairekta aje aone, akasimama mlangoni muda mrefu halafu akabadilisha mahali kamera ingekaa.

Hayo mengine yalikuwa kazi ya kuchuja. Vijana walileta jiko lile la kiuno lenye udongo ndani, manake ndilo wamezoea kuona kila nyumba, lakini hilo lilikuja kusambaa Kenya miaka ya 1980, mwanamke wa 1974 kutoka mjini angekuwa na la bati tupu. Mtungi wa plastiki wa manjano, toa. Redioni ni Voice of Kenya, jina la KBC lilikuja 1989, kwa hivyo yule aliyerekodi sauti ya mtangazaji ikabidi arudie. Vitu kama hivi unavishika haraka ukizoea.

Picha ya ukutani ndiyo ilitutoa jasho. Prodyusa alitaka ya Mzee Kenyatta, na kwa hesabu ya miaka hakukosea, 1974 ndiye rais na picha yake iko kila duka. Nikamwambia kwa duka sawa, kwa ofisi ya reli sawa, lakini nyumba hii iko upande huu wa ziwa. Tom Mboya, waziri na Mluo wa huku kwetu, aliuawa Nairobi tarehe 5 Julai 1969, Oktoba mwaka huo huo Kenyatta akaja kufungua hospitali hapa Kisumu, ile watu bado wanaiita Russia, na siku hiyo raia walipigwa risasi wakafa. Miaka mitano baadaye mjane wa huku hatundiki picha ya Mzee juu ya kitanda chake. Tukaweka Mboya, amekatwa kwenye gazeti, frimu ya mbao, juu kabisa karibu na paa na imeinama mbele kidogo vile wazee walikuwa wanatundika. Kamera ilipita hapo labda sekunde mbili. Lakini wazee watatu wa ekstra waliokuja kuigiza matanga waliingia wakaiona, wakasimama chini yake wakanyamaza, mmoja akavua kofia, na dairekta akaomba kamera iwashwe kabla hata hajawapanga.

Hapo nilikuwa najiona nimeiva. Siku ya tano dani akanishusha. Dani ni bibi, tunamuita hivyo huku, na huyu alikuwa jirani wa lile boma, ndiye alinikopesha vyungu vitano vyake mwenyewe, vya maji na vya nafaka, vimezeeka vizuri kwa kutumika, na kitu kama hicho huwezi kununua sokoni. Akaja na mkongojo wake kuangalia kama vyungu viko sawa, akasimama nje, akaangalia juu.

"Nyathina, mwanangu, huyu mwanamke bwanake si alikufa?"

"Ndio dani, alikufa mwanzo wa hadithi."

"Sasa mbona bado amesimama juu ya nyumba?"

Nikaangalia. Juu ya paa kwenye ncha kulikuwa na osuri, ile fimbo inayochomoza kwenye nyasi. Fundi wa nyasi alimaliza paa vile amezoea kumaliza, na mimi nikaiona inapendeza, ikikata anga vizuri jioni. Mimi kwetu ni Butere, kwa Waluhya, nimekulia Kisumu lakini osuri nilikuwa naijua kama pambo tu. Kwa Waluo inaonyesha mwenye nyumba yuko hai, akifa haibaki pale. Kila mzee wa hapa angeona ile muvi na kujua kwamba waliotengeneza hawakuuliza mtu. Tulikuwa tumeshapiga picha mbili za nje, zikarudiwa alfajiri ya kesho yake, nusu siku ikaenda, na lilikuwa kosa langu si la fundi. Nilimwambia dairekta mbele ya watu wote kwamba ni langu. Kuuliza kungenigharimu soda moja.

Muvi ikaisha. Mtunzi aliyeandika muziki wake akapata ufadhili kidogo wa kuigeuza opera fupi, saa moja na nusu, waimbaji sita, kwaya ya watu 32 kutoka makwaya ya kanisa hapa mjini, piano, orutu, ile fidla ya Kiluo ya uzi mmoja, na nyatiti, kinubi cha Kiluo. Ukumbi wa viti kama 400, jukwaa la mita nane, hakuna mtambo wa kupandisha seti juu, taa kumi na mbili. Wakanipigia simu wakasema kazi ni rahisi, seti iko tayari, njoo tu uipange. Nikakubali, na niliamini hivyo hivyo, na kwa mkataba ikaandikwa hivyo, hakuna hata shilingi ya kujenga.

Mazoezi ya kwanza na seti yote yalikuwa Jumanne jioni. Nimekumbuka ile Jumanne mara nyingi sana.

Kwanza vumbi. Kwa muvi nilichakaza kila kitu vile tunachakaza huku, majivu, masizi ya sufuria, udongo mwekundu umesagwa na kupulizwa, majani ya chai kwenye vitambaa, na kwa kamera inakuwa kama miaka ishirini imepita. Soprano, mwimbaji wa kike wa sauti ya juu, akaingia, akavuta pumzi ya wimbo wake wa kwanza, pumzi ile ya opera ya kutoka chini kabisa ya tumbo juu sauti yake haiendi na maikrofoni, na akaivuta pamoja na majivu yangu. Alikohoa hadi machozi. Akajaribu tena akakohoa. Kondakta akaweka kijiti chini, akaniangalia, hakusema kitu.

Halafu kwaya ilipoingia kwa mguu jukwaa likatikisika na vyombo vya enameli ndani ya kabati vikaanza kulia, tikitikitiki, wakati wote wa wimbo wa matanga. Godoro na mapazia na mikeka vikawa vinameza sauti, waimbaji wenyewe wakasema wanajisikia kama wamefunikwa blanketi. Kitanda nilikiweka pale kinapendeza, kumbe mama akikikalia ili aimbe anaangalia pembeni na hamwoni kondakta, na mwimbaji asiyeona kondakta hawezi kuingia kwa wakati. Kubadilisha kutoka ufukweni kwenda ndani ya nyumba kulichukua dakika kumi na moja, kabati la mvule likibebwa na watu wanne wanaotukanana kwa kunong'ona. Na baya kuliko yote, niliposhuka nikakaa kiti cha nyuma kabisa, sikuona chochote. Frimu ya Mboya ilikuwa kama stempu. Vyungu vya dani vilikuwa madoa. Kabati, kitanda, kiti, redio, vyote vimeshikana kuwa kitu kimoja cha kahawia.

Dairekta wa opera alikuja akakaa kando yangu akaniambia pole pole, "Dada, kutoka hapa naona stoo." Na alikuwa sawa.

Hapa ndipo nataka kijana anayesoma akae kidogo, manake wengi wanadhani ukijua seti ya muvi unajua ya opera. Kwa muvi nilikuwa nimeweka vitu zaidi ya mia na kati yake kitu kimoja ndicho kilibeba kila kitu, lile kabati lisilo na ukuta. Lakini sikulazimika kujua ni kimoja, kamera ilinisaidia, ilienda karibu ikachagua. Kwa opera hakuna wa kwenda karibu, mtu wa kiti cha nyuma analipa tiketi yake na anakaa hapo hapo hadi mwisho.

Si kwamba opera lazima iwe tupu, hapana. Franco Zeffirelli, dairekta wa Italia, alianza kama msaidizi wa dairekta mwingine wa huko, Luchino Visconti, akapamba majukwaa kabla jina lake halijakua, akafanya muvi na opera maisha yake yote, na La Bohème yake ya 1981 pale Metropolitan Opera, New York, kwenye tendo la pili inajaza jukwaa watu zaidi ya 200 na bado wanaicheza. Lakini upana wa mdomo wa jukwaa lile ni zaidi ya mita 16 na chini yake na pembeni yake kuna mitambo ya kusogeza seti nzima kama droo. Sisi tulikuwa na vijana wanne na kamba.

Nilikuwa na siku nne. Usiku wa kwanza tulitoa kila kitu, tukafagia, tukapiga deki mara mbili, jukwaa likabaki mbao tupu. Nikakaa kiti cha nyuma na daftari na nikamwambia kijana mmoja arudishe kitu kimoja kimoja. Kabati. Nikamwambia ngoja. Kabati peke yake pale katikati na nyumba haipo, nikaona bado linasema, ila linataka ukuta wa kulikataa. Kwa hivyo kesho yake tukajenga ukuta, plaiwudi ya milimita 3 imekunjwa kwenye fremu ya mviringo, nusu duara, rangi ya udongo. Huo ukuta ulinipa zawadi ambayo sikuitegemea, ni mgumu, kwa hivyo sauti ya mwimbaji badala ya kumezwa nyuma inarudi kwa watu. Kondakta alipiga makofi mara moja katikati ya jukwaa akasikiliza, akanikubalia kwa kichwa.

Kabati la mvule nikaliacha. Nilirudi kwa yule fundi wangu wa Kibuye, akanitengenezea lingine la plaiwudi nyembamba, refu kidogo kuliko la kweli, magurudumu chini, mistari ya mbao imechorwa kwa nguvu mpaka ukiwa karibu inaonekana kama mchezo wa watoto na ukiwa mbali ni mvule kabisa. Lile pengo la nyuma nikaliongeza, tukaweka taa ndani yake, kila mama akilia taa inapanda kidogo na unaona kabisa kwamba kabati na ukuta havigusani. Vyombo vikapigwa gundi. Kitanda kikabaki chuma bila godoro, kimegeuzwa kumwelekea kondakta. Redio. Vyungu vya dani vitatu, mbele kabisa ambapo taa inavipata. Kigoda cha mpiga nyatiti tukakiinua juu ya kisanduku ili aonekane. Uchakavu wote ukawa wa rangi ya maji, milango ya ukumbi ikafunguliwa siku nzima ikauke, na hakuna mwimbaji aliyeruhusiwa kuingia kabla harufu haijaisha.

Osuri ikawa kitu kikubwa. Ile niliyoiharibu kwenye muvi, kwenye jukwaa ilikuwa na urefu wa mita moja na nusu, inaonekana hadi mlangoni, na dairekta akaamua ishushwe watu wakiona, mwisho wa tendo la kwanza, kwaya imenyamaza, orutu peke yake. Watu wa Kisumu waliokuwa kwenye viti hawakuhitaji mtu awaambie maana yake.

Mboya sikumpatia nafasi. Nilijaribu frimu ya mita moja, ikawa bango la siasa si picha ya nyumbani. Nilijaribu kuiacha ndogo, haionekani. Nikaitoa, na mpaka leo sijui kama nilifanya vizuri.

Pesa sasa. Muvi ilinilipa elfu 6 kwa siku, siku 19, jumla 114,000. Opera ilikuwa 60,000 ya jumla kwa wiki sita. Ukuta na kabati jipya viligharimu 23,500, nikapambana wakanipa 12,000, zile 11,500 zikatoka kwangu. Usiku wa pili wa maonyesho wakitoa seti mbio, vyungu viwili vya dani vikavunjika. Prodyusa akasema hilo halikuwa kwa bajeti, na chungu ni udongo tu. Nilinunua viwili vya 1,800 kila kimoja, nikabaki na 44,900 kabla ya nauli. Tangu hapo mkataba wangu una ukurasa wa vitu vya kuazimwa, kila kimoja na picha yake, bei yake na jina la mwenyewe, na mwenye kazi anatia sahihi kabla gari halijapakia. Siku hizi pia siweki bei ya opera kabla sijakaa kiti cha nyuma cha ukumbi wenyewe.

Kuna wanaofanya zote mbili na kufika mbali. Francesca Lo Schiavo ni dekoreta, ana Oscar tatu, za 2005, 2008 na 2012, zote pamoja na bwanake Dante Ferretti, na huyo bwana amebuni seti za opera pia. Huku kwetu muvi ni chache na opera ni chache zaidi, kwa hivyo katikati nafanya harusi, madirisha ya maduka na drama za shule, na sioni aibu, hizo ndizo zinalipa kodi ya nyumba.

Vyungu nilivirudisha Jumamosi, vitatu vyake na viwili vipya. Nilimwambia dani ukweli kabla sijashusha gari. Hakukasirika vile nilitarajia, alinikalisha, akaniletea chai, akaomba aone. Nikamwonyesha picha za jukwaa kwa simu. Akaisogeza karibu na macho, akaiangalia moja moja, kabati, kitanda, paa lisilo na osuri.

"Na Mboya mlimpeleka wapi?"

Nikamweleza juu ya umbali, viti vya nyuma, frimu kuwa kama stempu. Alisikiliza hadi mwisho. Akanirudishia simu, akavuta kimoja cha vile vyungu vipya karibu na goti lake, akakigonga kwa kidole, akainamisha sikio kusikia kama kina ufa.